Jules Cornet na Kitabu cha Mawe ya Katanga

Jules Cornet alizaliwa tarehe 4 Machi 1865 huko Saint-Vaast, katika nchi ya Ubelgiji. Upande ule, chini ya mashamba na nyumba za watu, kulikuwa na makaa ya mawe, na wanaume wengi walipata riziki yao mashimoni. Baba yake, François-Léopold Cornet, alikuwa injinia wa machimbo, tena mwenye sifa katika elimu ya ardhi. Pamoja na rafiki yake Alphonse Briart aliyachunguza mawe ya nchi ya Mons na kuandika habari zake. Basi Jules hakungoja shule impe habari za mawe. Alizikuta nyumbani kwa baba yake.

Alipokuwa kijana alikwenda kusoma katika chuo kikuu cha Ghent. Alisoma elimu ya viumbe, kisha elimu ya ardhi na madini, na baadaye akawa msaidizi wa walimu wake mle chuoni.

Huenda mtu ataona ajabu kwamba mawe yanaweza kujaza kitabu. Lakini tazama mawe meusi ya Bukavu, yale ambayo watu huyajengea misingi ya nyumba. Yalitoka tumboni mwa milima ya moto zamani sana, yakiwa yameyeyuka kama uji, yakapoa. Weka kando yake jiwe jeupe la kwatzi. Lile jeupe laweza kukwaruza kioo. Jiwe jingine hukwaruzwa na kisu tu. Jingine ni zito kuliko lionekanavyo, kama kasiteriti ya Kivu, ambayo ndani yake mna bati. Jingine lina rangi moja kwa nje, lakini ukilisugua juu ya kigae cheupe laacha unga wa rangi nyingine kabisa. Mwenye kuandika kitabu cha madini huyapima hayo yote: ugumu, uzito, rangi, rangi ya unga, umbo la chembe zake, na namna jiwe linavyogeuka likitiwa asidi au likichomwa motoni. Huandika pia mahali lilipookotwa. Asipoandika mahali, kazi yake karibu yote ni bure, kwa kuwa hakuna atakayeweza kulitafuta tena.

Kazi ya namna hiyo ndiyo iliyompeleka Cornet Kongo. Mwaka 1891 kampuni moja ya Wabelgiji, iliyoitwa Kampuni ya Katanga, ilituma msafara kwenda kusini-mashariki ya Kongo. Kiongozi alikuwa kapteni Lucien Bia, na wa pili wake Émile Francqui. Cornet alikuwa na umri wa miaka 26, naye aliwekwa kuwa mtaalamu wa mawe. Tusidhani kwamba wale wenye kampuni walitaka elimu tu. Walitaka kujua kama Katanga ina mali, na walitaka kuishika nchi kabla ya Waingereza waliokuwa wakija kutoka kusini.

Reli ya Matadi ilikuwa haijakwisha. Ilimalizika mwaka 1898. Wasafiri walitembea kwa miguu kutoka Matadi hadi Kinshasa, karibu kilometa 400 za vilima na mabonde. Kutoka hapo walipanda merikebu za moshi, wakafuata mto Kasai, kisha Sankuru, mpaka Lusambo. Baada ya Lusambo ilikuwa miguu tena, na kila kitu kilikwenda juu ya vichwa na mabega ya wapagazi: chakula, nguo za kulipia njia, bunduki, hema, na vyombo vya Cornet. Wakavuka Lomami, wakavuka Lualaba, na tarehe 30 Januari 1892 wakafika Bunkeya.

Bunkeya ulikuwa mji mkubwa wa mfalme Msiri, mkuu wa Wayeke, ambaye watu wake walitoka Unyamwezi kwa ajili ya biashara ya shaba na pembe za ndovu. Lakini Cornet hakumwona Msiri. Wiki chache tu kabla, tarehe 20 Desemba 1891, mfalme huyo alikuwa amepigwa risasi na kuuawa na watu wa msafara mwingine, ule wa kapteni Stairs. Wasanga walikuwa wamekwisha kumwasi Msiri, vita vilikuwa vimezunguka nchi, na baada ya kifo chake watu wakatawanyika. Mashamba yaliachwa. Njaa ikaingia.

Njaa ile ndiyo iliyokuwa adui mkubwa wa msafara, kuliko mito na kuliko vita. Hapakuwa na mtama wa kununua, hata kwa nguo nzuri. Wapagazi na askari walikula mizizi na majani ya porini, wakadhoofika, na wengi wakafa. Wazungu wa msafara majina yao yamo katika vitabu. Wapagazi waliofia njiani majina yao hayamo, isipokuwa ya wachache. Lakini bila mabega yao hata jiwe moja la Cornet lisingalifika Ulaya.

Katika hali hiyo mtu angaliweza kusema kwamba mawe yangoje. Cornet aliendelea. Alitembea na nyundo yake, akavunja mawe kandokando ya mito na juu ya vilima, akayafunga, akaandika. Mwezi wa Agosti 1892 kapteni Bia, aliyekuwa mgonjwa, alikufa huko Ntenke, naye Francqui akashika uongozi. Ni katika majira yayo hayo Cornet aliyafikia machimbo makubwa ya shaba ya Kambove na Likasi.

Vilima vya shaba vya Katanga hutambulikana kwa mbali. Pande zote ni msitu wa miti, lakini juu ya kilima miti haioti, kwa kuwa shaba iliyo katika udongo huidhuru mizizi yake. Huota nyasi na maua madogo tu. Ukipanda juu yake waona mawe ya kijani. Hiyo ndiyo malakiti. Katika kilo 100 za malakiti safi mna karibu kilo 57 za shaba. Mara nyingine huonekana pamoja nayo jiwe la buluu liitwalo azuriti, nalo pia lina shaba.

Lakini Cornet hakuwa mtu wa kwanza kupanda pale. Vilima vile vilikuwa vimechimbwa tangu zamani, na mashimo ya wachimbaji yalikuwa wazi mbele ya macho yake. Katika makaburi ya kale ya Sanga, kando ya ziwa Kisale, wataalamu wa baadaye walikuta misalaba midogo ya shaba iliyozikwa pamoja na wafu miaka mia sita na zaidi iliyopita. Misalaba ile haikuwa ya dini. Ilikuwa mali, na baadaye ilitumika kama fedha.

Mafundi wa shaba walifanya kazi wakati wa kiangazi, mavuno yakiisha kuwekwa ghalani. Walikwenda kilimani pamoja na jamaa zao, wakachimba malakiti, wakaichambua na kuiosha. Walikata miti migumu na kuchoma makaa. Tanuru walilijenga kwa udongo wa kichuguu, kwa maana udongo huo hustahimili moto, na moto waliuchochea kwa mivukuto ya ngozi. Shaba ilipoyeyuka ilishuka chini ya tanuru, kisha ikamiminwa katika mifinyango ya mchanga ya umbo la msalaba, au ikafuliwa kuwa nyuzi na bangili. Ufundi huu ulikuwa na siri zake, na baba alimfundisha mwanawe. Mafundi hawakuandika kitabu, lakini walijua jiwe lipi lina shaba na lipi halina, na hawakukosea. Baada ya miaka, ufundi ulipokuwa karibu kusahauliwa, Monsinyori Jean-Félix de Hemptinne, mkuu wa misioni ya Katanga, aliwaomba wazee wa Wayeke wautende tena mbele yake, akaandika habari zao chini ya jina la walaji wa shaba. Alifanya vema. Wazee wale wangekufa na maarifa yao.

Basi kazi ya Cornet haikuwa kuvumbua shaba ambayo wenyeji waliijua. Kazi yake ilikuwa kuuliza mambo mengine: shaba imelala katika mawe ya namna gani, mawe hayo yamepangana vipi, safu ipi iko juu na ipi iko chini, nazo zinaendelea mpaka wapi. Fundi aliona kilima chake. Cornet alitaka kuona vilima vyote kwa pamoja, kama vile vimefungwa kwa uzi mmoja chini ya ardhi. Naye akauona uzi huo.

Wakati wa kurudi msafara ulipita magharibi, penye magenge ya Nzilo, ambako Lualaba hujipenyeza kwa kishindo kati ya kuta za mawe. Siku hizi kuna bwawa la umeme mahali hapo. Mapema mwaka 1893 wakafika tena Lusambo, na mwaka ule ule Cornet akarudi Ubelgiji.

Mwaka 1894 alitoa kitabu chake juu ya madini ya Katanga. Alieleza kwamba shaba ni nyingi mno, lakini iko mbali na bahari, na bila njia ya kuisafirisha haitamfaa mtu. Aliyosema yalitimia. Shaba ilikaa mpaka reli ilipofika Elisabethville, mji uitwao sasa Lubumbashi, mwaka 1910. Na mwaka 1911 tanuru kubwa la kule lilimimina shaba yake ya kwanza. Kampuni ya Union Minière, iliyoundwa mwaka 1906, ilipata mali nyingi sana. Mafundi wa vichuguu hawakuwa tena na vilima vyao. Wengi wa vijana waliochimba kwa kampuni hiyo waliletwa kutoka mbali, wakalipwa kidogo, na si wote waliorudi kwao. Jambo hili halikuandikwa katika kitabu cha madini, lakini lilitoka humo.

Cornet mwenyewe hakuwa mfanyabiashara. Alikuwa mwalimu katika shule ya machimbo ya Mons, akafundisha huko miaka mingi. Kati ya mwaka 1909 na 1923 alitoa vitabu vinne vinene vya jiolojia kwa ajili ya wanafunzi. Habari za mawe ya Kongo aliendelea kuzipanga, na kwa kuyaita mawe hayo hakutafuta majina ya Ulaya. Safu moja aliiita Kundelungu, kwa jina la uwanda wa juu wa Katanga, na nyingine Lubilash, kwa jina la mto. Majina hayo yakakaa vitabuni. Mwanafunzi wa jiolojia aliyesoma Paris au Berlin ilimbidi ajifunze kutamka Kundelungu.

Mwaka 1917 mtaalamu mwingine wa Kibelgiji, Henri Buttgenbach, alieleza madini mapya yaliyoonekana katika chimbo la Étoile, karibu na Lubumbashi. Yalikuwa na shaba na fosfori, rangi yake buluu ya kukoza. Aliyaita kornetiti kwa heshima ya Cornet. Buttgenbach naye aliwahi kufanya kazi Katanga, akaandika vitabu juu ya madini ya Kongo, na mwaka 1925 mwenzake aitwaye Schoep aliyapa madini mengine ya buluu jina la Buttgenbach.

Jules Cornet alikufa Mons tarehe 17 Mei 1929, akiwa na umri wa miaka 64.

Vitabu vya madini havijafungwa tangu hapo. Kivu nayo imeingia. Kule Kobokobo, upande wa Kamituga, penye nchi ya dhahabu, wataalamu wawili, Deliens na Piret, waliona madini ambayo hayajapata kuandikwa na mtu, na mwaka 1984 wakayaeleza kwa jina la kamitugaiti. Rangi yake ni manjano. Chembe zake ni ndogo sana, hata mtu aweza kulishika jiwe lenye chembe hizo mkononi asizione.