Mathias Mnyampala: Malenga wa Shukrani

Utangulizi

Wahenga walinena kuwa shukrani ya punda ni mateke. Aghalabu methali hii hutajwa pale mtu anapotendewa wema akaulipa kwa ubaya, lakini ina funzo jingine: kushukuru ni sehemu ya utu, na asiyeshukuru amejivua utu wake. Katika imani ya Kikristo, shukrani hizo huelekezwa kwanza kwa Mungu. Jumapili katika mitaa ya Njiru, mashariki mwa jiji la Nairobi, waumini husimama katika makanisa ya mawe na ya mabati kutoa ushuhuda. Huyu amepata kibarua baada ya miezi mingi, yule mwanawe amefaulu mtihani, mwingine ametoka hospitalini akiwa hai. Watoto nao hupanda jukwaani kughani ngonjera, wakijibizana kwa beti. Ni wachache miongoni mwa wanaowapigia makofi wanaojua kuwa utanzu huo ulikuzwa na kuenezwa na Mkristo aliyeifanya kalamu yake kuwa sadaka, marehemu Mathias Mnyampala wa Tanzania.

Kuzaliwa na Malezi

Mathias Eugen Mnyampala alizaliwa mwaka wa 1917 katika nchi ya Ugogo, Dodoma. Mwaka huo haukuwa wa neema. Vita Kuu ya Kwanza ya Dunia ilikuwa imepita Ugogo kama moto wa nyika. Majeshi ya Wajerumani, na baadaye ya Waingereza, yalichukua nafaka na mifugo ya wenyeji, na wanaume wakatwaliwa kuwa wapagazi. Mvua ilipokosekana, hapakuwa na akiba ya kuwanusuru watu. Njaa iliyofuata Wagogo waliiita Mtunya, nayo iliua maelfu ya watu na kuwatawanya wengine. Mtoto aliyezaliwa katika kipindi hicho akaishi alikuwa na sababu ya kumshukuru Mungu kabla hata hajajua kusema.

Lugha yake ya kwanza ilikuwa Kigogo. Kiswahili alikipata shuleni, katika elimu iliyotolewa na wamisionari wa Kanisa Katoliki, ambako pia alipokea imani aliyoishikilia hadi kufa. Hakupata nafasi ya kusoma chuo kikuu. Alianza kazi akiwa mwalimu, kisha akaingia katika utumishi wa serikali akiwa karani. Baadaye alipanda vyeo hadi akawa liwali na hatimaye hakimu. Kwa hivyo mchana alishughulika na kodi na mashtaka ya watu, na uandishi aliufanya kando ya kazi hiyo.

Mwandishi Asiyesahau Atokako

Kitabu chake cha mwaka wa 1954, Historia, Mila na Desturi za Wagogo, kinadhihirisha kwamba shukrani kwake haikuwa ya midomo tu. Ingekuwa rahisi kwa msomi wa misheni wa enzi hizo kuzionea haya mila za wazee wake. Mnyampala alizikusanya na kuziandika kwa Kiswahili ili zisipotee. Kitabu hicho baadaye kilitafsiriwa kwa Kiingereza, na wanahistoria bado wanakitumia. Kuwashukuru waliokulea ni kuwatunza katika kumbukumbu, na hilo Mnyampala alilitimiza.

Zaburi katika Vazi la Utenzi

Mchango wake mkubwa kwa imani yake ulipatikana katika tungo mbili: Utenzi wa Enjili Takatifu wa mwaka wa 1963 na Utenzi wa Zaburi wa mwaka wa 1965. Uzito wa kazi hizi hauonekani vyema pasipo kukumbuka historia ya utenzi wenyewe. Kwa karne nyingi utenzi ulikuwa mali ya Waswahili wa pwani, na wengi wa watunzi wake walikuwa Waislamu. Kwa desturi, mtunzi hufungua kazi yake kwa kulitaja jina la Mungu na kumhimidi, ndipo aingie katika kisa. Naam, shukrani zilikuwa mlango wa utanzu huo tangu kale.

Mnyampala alikuwa mtu wa bara, Mgogo na Mkristo. Angeweza kuyaacha mapokeo hayo kwa kudhani kuwa si yake. Wengine nao wangeweza kumwona kuwa mgeni aliyeingia nyumba ya watu bila hodi. Hakuchagua njia ya kujitenga. Alijifunza mizani na vina, akalumbana na malenga wenziwe Waislamu kwa heshima, akayatia maisha ya Yesu na sala za Daudi katika umbo lililolelewa na jirani zake. Hata anwani za vitabu vyake, Diwani ya Mnyampala (1963) na Waadhi wa Ushairi (1965), zinabeba msamiati wenye asili ya Kiarabu bila kusitasita.

Hapa panakumbusha kisa cha wakoma kumi katika Injili ya Luka. Wote waliponywa, lakini aliyerudi kushukuru ni mmoja tu, naye alikuwa Msamaria, mgeni miongoni mwao. Mnyampala naye aliyekuja ushairini kama mgeni alirudi na shukrani maradufu: kwa Mungu aliyempa uhai, na kwa pwani iliyompa umbo la kuutukuzia.

Ngonjera na Mtihani wa Shukrani

Baada ya Azimio la Arusha la mwaka wa 1967, washairi waliombwa kueneza siasa ya Ujamaa. Mnyampala, akiwa miongoni mwa viongozi wa chama cha UKUTA, yaani Usanifu wa Kiswahili na Ushairi Tanzania, aliitikia kwa ngonjera, ushairi wa majibizano ambao hata asiyesoma angeuelewa ukighaniwa. Vilevile aliandika kazi ya kuyaoanisha Azimio na Maandiko Matakatifu.

Katika jambo hili wahakiki hawaafikiani, na si haki kulipitia juu juu. Wapo wanaoona kuwa mshairi alijigeuza tarumbeta ya serikali. Lawama hiyo ina uzito, kwa sababu shukrani zinazostahili Mungu zikielekezwa kwa mtawala hugeuka kuwa sifa za kujipendekeza. Hata hivyo, yafaa ikumbukwe kuwa Mnyampala alikuwa mwana wa Mtunya. Aliposikia habari ya kugawana mali na kutonyonyana, aliipima kwa imani yake na kwa njaa ya nchi yake. Kwake, kumshukuru Mungu kwa chakula bila kujali sahani ya jirani kusingekuwa shukrani kamili.

Kifo na Urithi

Mnyampala alifariki tarehe 8 Juni 1969, akiwa na umri wa takriban miaka hamsini na miwili. Vitabu viwili vya Ngonjera za UKUTA vilichapishwa mwaka wa 1970 na 1971, yeye akiwa tayari kaburini. Tawasifu yake ilisubiri hadi mwaka wa 2013 kutolewa, kwa anwani ya Maisha ni Kugharimia. Anwani hiyo inatoka kwa mtu ambaye hakudai kuwa kuishi ni rahisi. Alijua kwamba maisha yana gharama, na bado akashukuru.

Hitimisho

Swali alilolikabili Mnyampala lingali hai katika mitaa ya Eastlands. Novemba 2024, Askofu Mkuu Philip Anyolo wa Nairobi aliikataa michango ya Rais William Ruto kwa kanisa Katoliki la Soweto, Kayole, si mbali na Njiru. Tukio hilo liliwalazimu waumini kujiuliza ni nani hasa anayetukuzwa pale fedha zinapotolewa madhabahuni. Maisha ya Mnyampala hayatoi jibu jepesi. Yanaonyesha tu kwamba mtu aweza kumshukuru Mungu kwa kazi ya mikono yake, kwa kuwaenzi wazee wake na kwa kumheshimu jirani wa dini nyingine. Mtoto wa Njiru anapoghani ngonjera siku ya shukrani, anaendeleza sadaka iliyoanzwa zamani na karani wa Ugogo. Mola ailaze roho yake mahali pema peponi.