Ibn Battuta: Mgeni wa usiku mmoja aliyetuachia ushahidi wa Mombasa

Nilipokuwa shule ya msingi, mwalimu alituandikia ubaoni jina la Vasco da Gama na mwaka 1498, akatwambia hapo ndipo habari za Mombasa zilipoanza kuandikwa. Tulinakili daftarini, mtihani ukaja, tukajibu vivyo hivyo na tukapata alama. Nilikuwa mtu mzima nilipofahamu kuwa zaidi ya miaka 160 kabla ya Mreno huyo, alifika hapa msafiri Mwafrika, akaswali katika misikiti yetu, akalala usiku mmoja, na aliyoyaona yakaandikwa kitabuni. Leo ningependa tumjue mtu huyo.

Jina lake ni Abu Abdallah Muhammad bin Abdallah, mashuhuri kwa jina la Ibn Battuta. Alizaliwa Tangier, kaskazini mwa Moroko, mwezi 17 Rajab 703 Hijria, yaani Februari 1304. Asili yake ni Mberiberi wa kabila la Lawata, na nyumba yao ilikuwa ya watu wa elimu ya sheria na ukadhi. Mwaka 1325, akiwa na umri wa miaka 21, aliwaaga wazazi wake wote wawili wakiwa hai, akatoka peke yake kwenda Hija.

Njia yake ilipita nchi ambazo leo ni Algeria, Tunisia na Libya, hadi Iskandaria na Kairo. Kutoka Kairo alipanda na Mto Nile hadi Aydhab, bandari ya Bahari ya Shamu, akakuta vita vimefunga njia ya baharini. Ilimbidi arudi nyuma, azungukie Sham, ndipo afike Madina na Makka mwaka 1326. Baada ya Hija hakurejea kwao. Ladha ya safari ilikuwa imeshamwingia.

Karibu mwaka 1331 alipanda chombo Aden, akaja na pepo za kaskazi kama walivyokuja mababu wa wengi wetu. Kituo cha kwanza kilikuwa Zeila, mji wa soko kubwa uliojaa harufu ya samaki na damu ya ngamia, hata akaona heri alale chomboni ijapokuwa bahari imechafuka. Mogadishu alikirimiwa. Aliandikiwa wali wa samli wenye mchuzi juu, ndizi mbichi zilizopikwa kwa maziwa, achari ya ndimu, pilipili iliyotiwa siki na chumvi, tangawizi na maembe. Msomaji wangu wa Lamu au Mji wa Kale, je, sinia hiyo ni ngeni kwako?

Kisha akafika Mombasa. Alikuta kisiwa chenye migomba, milimau na mti wenye tunda dogo tamu lenye kokwa mfano wa zeituni. Jina alilolitaja la tunda hilo ndilo ambalo Wahindi huita zambarau mpaka leo. Nafaka haikulimwa kisiwani, ililetwa kutoka nchi ya Sawahil, na chakula cha watu kilikuwa zaidi ndizi na samaki. Watu walikuwa wa madhehebu ya Shafi, wacha Mungu na wenye mwenendo mwema. Misikiti yao ilikuwa ya mbao, imejengwa imara. Kwenye kila mlango palikuwa na kisima kimoja au viwili vya kina kifupi, na chombo cha mti chenye mpini wa kutekea maji. Watu walitembea miguu mitupu, kwa hivyo kila aingiaye aliosha miguu kwanza, kisha akaipangusa kwenye kipande cha mkeka mgumu mlangoni. Sisi tuliokulia kwenye misikiti yenye birika na kata hatuhitaji mtu wa kutufasiria hayo.

Kutoka hapa alikwenda Kilwa, kusini mwa Tanzania ya leo. Aliuhesabu miongoni mwa miji mizuri na iliyopangika vizuri aliyopata kuiona. Sultani wake alikuwa al-Hasan bin Sulaiman, aliyepewa lakabu ya Abu al-Mawahib, yaani baba wa vipawa, kwa ukarimu wake. Fakiri mmoja kutoka Yemen alimwomba nguo alizozivaa baada ya swala ya Ijumaa, naye akaingia ndani akazivua akampa. Huko Kilwa Ibn Battuta alisikia pia habari za dhahabu ya Sofala, iliyoko Msumbiji ya leo. Biashara hiyo haikuwa porojo. Sarafu ya sultani huyo imepatikana Great Zimbabwe, mamia ya kilomita kutoka baharini.

Lakini tusichague yale matamu tu. Ibn Battuta alieleza pia kuwa sultani huyo alikuwa akiwavamia watu wa bara na kuteka ngawira. Yeye mwenyewe alimiliki watumwa, na miaka mingi baadaye alivuka Sahara na msafara uliokuwa na wajakazi 600. Tukijivunia miji ile, tukumbuke pia waliochukuliwa kwa nguvu, kwani nao ni watu wa historia hii.

Pepo zilipogeuka kuwa kusi, aliondoka Kilwa hadi Dhofar. Akaendelea na dunia: Uturuki, India ambako alikuwa kadhi Delhi, visiwa vya Maldives, hata Uchina. Safari ina gharama yake. Mwaka 1348 akiwa Damascus alipata habari kuwa babake alikuwa amefariki miaka 15 nyuma. Mwaka uliofuata, akikaribia nyumbani, aliambiwa mamake amekufa kwa tauni. Mtoto aliyeaga wazazi hai alirudi kuzuru kaburi.

Safari yake kubwa ya mwisho ilikuwa ya Afrika tena. Mwaka 1352 alitoka Sijilmasa na msafara wa jangwani. Baada ya siku 25 akafika Taghaza, kijiji ambacho nyumba na msikiti vilijengwa kwa matofali ya chumvi na kuezekwa kwa ngozi za ngamia. Akavuka hadi Walata, kisha mji mkuu wa Mali chini ya Mansa Sulayman, nduguye Mansa Musa. Alitazamia zawadi ya kifalme, akaletewa mikate mitatu, kipande cha nyama na maziwa ya mgando. Alicheka, kisha akamlalamikia mfalme mwenyewe, ndipo akapewa nyumba na dhahabu. Hata hivyo alikiri kuwa barabara za Mali zilikuwa salama, dhulma ilichukiwa, na mali ya mgeni aliyefariki haikuguswa mpaka apatikane mwenye haki nayo. Alikosea pia. Mto Niger aliudhani kuwa ndio Nile.

Aliporudi Fez, Sultani Abu Inan aliamuru habari zake ziandikwe. Yeye akisimulia, mwandishi Ibn Juzayy akaandika, na kitabu, maarufu kwa jina la Rihla, kikakamilika Desemba 1355. Ibn Battuta alimalizia umri wake akiwa kadhi katika mji wa Moroko, akafariki mwaka 770 Hijria, yaani 1368 au 1369.

Sasa kuna jambo moja linalonisumbua. Mogadishu alimtaja sheikh wake na kadhi wake kwa majina. Kilwa alimtaja sultani. Mombasa hakutaja jina la mtu hata mmoja. Twajua mpini wa kata yetu ulikuwa na urefu gani, lakini hatumjui imamu aliyeswalisha usiku ule wala aliyempa mgeni maji ya kunawa.

Simlaumu. Alikuwa mgeni wa usiku mmoja, na mgeni huandika alichokiona. Majina ni amana ya wenyeji. Wahenga walisema mgeni njoo mwenyeji apone, nasi tumepona kwa ushahidi wake, kwani hakuna tena wa kutwambia kuwa tulianza mwaka 1498. Lakini kila mwezi tunazika mzee ajuaye nani alichimba kisima cha msikiti wake na mtaa ulipataje jina, nasi hatujaandika chochote. Jioni ya leo, ukiwa na mzee nyumbani, chukua daftari ukae naye. Anza na majina.