Maisha ya Mchungaji John Curwen, Aliyewafungulia Maskini Mlango wa Uimbaji

Ndugu wasomaji, wakati wa Yubilii ni desturi njema kuwakumbuka wale waliotutangulia katika kazi. Nami nimependa kuandika habari za mtu ambaye hakuikanyaga nchi yetu, wala wengi wetu hatulijui jina lake. Lakini kila jioni wanakwaya wanapokutanika, na mwalimu akaandika ubaoni herufi d, r, m, f, s, l, t, kazi ya mtu huyo i mbele ya macho yetu.

Jina lake ni John Curwen. Alizaliwa tarehe 14 Novemba 1816 katika mji wa Heckmondwike, jimbo la Yorkshire, Uingereza. Baba yake alikuwa mchungaji wa kanisa la Congregational, na mwana akaifuata njia ya baba yake. Mwaka 1838 akawa msaidizi wa mchungaji katika mji wa Basingstoke. Aliwapenda sana watoto, akawaandikia kitabu cha hadithi, akawafundisha kwa upole. Lakini jambo moja lilimshinda, nalo ni uimbaji. Hakuwa na kipawa cha muziki, na kila alipoitazama ile mistari mitano yenye alama nyeusi na nyeupe, aliiona kuwa fumbo.

Hata mwaka 1841 walimu wa shule za Jumapili walikutanika katika mji wa Hull. Shida yao ilikuwa hii: watoto wa maskini hawakuwa na njia ya kujifunza kuimba vizuri, na makanisani watu wengi walinyamaza, wakawaachia wachache sifa za Mungu. Basi wakamtwika Curwen kazi ya kutafuta njia iliyo nyepesi kuliko zote. Pengine mtu atastaajabu kwamba kazi ya uimbaji alipewa asiyejua kuimba. Lakini aliyepanda mlima kwa taabu ndiye ajuaye mahali wenzake watakapohitaji kushikwa mkono.

Katika kutafuta kwake alipata kitabu kilichopigwa chapa mwaka 1835, kazi ya Bibi Sarah Glover wa mji wa Norwich. Bibi huyu alikuwa binti wa kasisi, naye kwa miaka mingi aliwafundisha watoto kuimba kwa herufi tu, pasipo ile mistari mitano. Alizitwaa silabi za kale, do, re, mi na nyingine. Lakini ile ya saba, iliyoitwa si, akaibadili iwe te, kwa maana so na si zote huanza kwa s, naye alitaka kila sauti iwe na herufi yake peke yake. Curwen alikisoma kitabu hicho, akajifunza yeye kwanza, na lile fumbo likafumbuka. Akaona ya kuwa, kama njia hiyo imemfaa yeye, itamfaa kila mtu.

Hapa yafaa kusema kweli yote, kwa sababu maisha ya watu wema hayaandikwi ili kuficha makosa yao. Curwen aliitwaa kazi ya Bibi Glover na kuibadili mahali pengi kabla ya kumwomba ruhusa, na bibi huyo hakupendezwa na mabadiliko yale. Lakini Curwen hakujifanya mwanzilishi. Aliungama waziwazi katika maandiko yake kwamba shina la kazi hii ni la Bibi Glover, na yeye ni mtunzaji tu. Bibi Glover alifariki mwaka 1867. Njia ile ilikwisha kuenea mbali, na watu walio wengi waliitaja kwa jina la Curwen. Ni haki basi kwamba kila tumtajapo Curwen tumtaje na bibi huyu.

Mwaka 1844 Curwen alihamia Plaistow, karibu na London, akawa mchungaji wa kanisa la huko. Mchana alilichunga kundi lake, na muda uliobaki aliutumia kwa kazi ya solfa. Alitoa vitabu na gazeti la walimu, na mwaka 1853 chama cha solfa kikaanzishwa. Kwa kuwa nyimbo ziliandikwa kwa herufi na nukta za kawaida, zilipigwa chapa kwa gharama ndogo, hata mfanyakazi wa kiwandani aliweza kununua. Mwaka 1857 watoto zaidi ya 3,000 waliimba pamoja katika jumba kubwa la Crystal Palace, na watu kama 30,000 wakaja kuwasikiliza.

Hata hivyo wajuzi wengi wa muziki waliidharau kazi yake. Walisema kwamba herufi hizo ni za kitoto, na ya kuwa wanafunzi wake hawataweza kusoma muziki wa mabingwa. Curwen hakuacha. Mwaka 1864 aliacha uchungaji wake, akajitoa kabisa kwa kazi hii moja. Aliweka mtambo wake wa kupigia chapa, akaanzisha chuo cha kuwafunza walimu na kuwapa vyeti kwa mitihani, akabuni ishara za mkono kwa kila sauti, ambazo walimu wanazitumia hata leo. Alifariki tarehe 26 Mei 1880, na mwanawe John Spencer Curwen akaiendeleza kazi.

Wamisionari waliichukua solfa mpaka Madagaska, Afrika ya Kusini na nchi zetu. Mwaka 1897 Enoch Sontonga, mwalimu wa shule ya misheni ya Wamethodisti karibu na Johannesburg, alitunga wimbo Nkosi Sikelel' iAfrika, na sauti zake akaziandika kwa solfa. Sauti hizo ndizo zilizochukuliwa mwaka 1961 kuwa za wimbo wa taifa la Tanganyika kwa maneno ya Kiswahili, nazo zinaimbwa Tanzania hata sasa. Tazameni basi jinsi mbegu ya bibi wa Norwich ilivyosafiri.

Ndugu walimu, Curwen hakutumwa kutafuta kwaya nzuri. Alitumwa kuwafungua vinywa watu waliokaa kimya kanisani. Siku hizi kwaya zetu ni nyingi, zina sare na vinanda, nasi twamshukuru Mungu. Lakini mara nyingi kwaya huimba na mkutano wote hukaa ukisikiliza, kama ilivyokuwa Uingereza kabla ya mwaka 1841. Tukiridhika hivyo, tumezishika herufi za Curwen na kuyaacha makusudi yake. Na tuwafundishe wote, wazee kwa watoto, hata yule asemaye kwamba hana sauti, kwa maana mtu wa namna hiyo ndiye aliyetufundisha sisi. Mwenyezi Mungu awape raha ya milele watumishi wake John na Sarah, na atujalie nasi kumsifu kwa kinywa kimoja. Amina.