Bwana Osman na Njiwa Wake

Alfred Osman alizaliwa mwaka 1864. Alikuwa Mwingereza, naye alipenda sana njiwa wa mashindano. Mwaka 1898 alianzisha gazeti la wafugaji wa njiwa, jina lake The Racing Pigeon. Wafugaji wa nchi nzima wakamjua.

Njiwa wa barua hatumwi kila mahali. Anajua safari moja tu, ile ya kurudi kwao. Mtu wa Nyamianda akitaka njiwa amletee habari kutoka Baraka, sharti amfuge Nyamianda, kisha ampeleke Baraka ndani ya kikapu na kumwachia huko. Tena sharti amfundishe kwanza. Leo humwachia Kalundu, siku nyingine Makobola, na mwishowe Baraka. Wala hampi chakula kabla ya kuruka, ili njiwa aukumbuke mtama wa nyumbani. Kazi hii haimfai mtu mwenye haraka.

Mwaka 1914 vita kuu ilianza. Katika Ubelgiji, jeshi lilikuwa na njiwa wengi hodari. Adui alipokaribia kuuteka mji wa Antwerpen, mkuu wa njiwa hao, Komanda Denuit, aliwachoma moto njiwa wapatao 2,500 ili adui asiwatumie. Yasemekana alilia machozi alipofanya hivyo.

Huko Uingereza jeshi halikuwa na njiwa hata mmoja. Kinyume chake, watu waliwaogopa. Walidhani kila njiwa arukaye anapeleka siri kwa adui, basi wengi wakapigwa risasi bure. Bwana Osman aliona hasara hiyo. Akawaendea wakubwa, akawaeleza kazi ya njiwa, akajitolea kuisimamia pasipo mshahara. Wafugaji nao wakatoa njiwa wao bila malipo. Baadaye ilitoka amri: mtu akiua au kumjeruhi njiwa wa barua, atafungwa miezi 6 au atatozwa pauni 100.

Njiwa wa kwanza walipewa vyombo vya wavuvi vilivyokuwa vikiondoa mabomu ya adui baharini. Vyombo hivyo vidogo havikuwa na simu ya upepo. Chombo kikipatwa na hatari mbali na pwani, nani angejua? Mvuvi yeyote aliyekutwa na dhoruba katikati ya ziwa Tanganyika anaelewa jambo hilo.

Tarehe 15 Agosti 1917, jahazi la uvuvi liitwalo Nelson lilishambuliwa na nyambizi, yaani manowari iendayo chini ya maji. Nahodha Thomas Crisp alijeruhiwa vibaya kwa kombora. Mwanawe alikuwa pamoja naye humo chomboni. Ingawa alikuwa anakufa, nahodha aliagiza habari iandikwe na njiwa aachiliwe. Kisha akawaamuru wenzake waingie katika mashua. Yeye hakuweza kuondolewa. Akazama na jahazi lake. Njiwa alifika pwani na habari ile. Mabaharia wale walikaa baharini karibu siku mbili, wakaokolewa, na mwana wa nahodha alikuwa miongoni mwao.

Kazi ya Bwana Osman ilikua mwaka hata mwaka. Njiwa walipelekwa kwa askari waliopigana katika mahandaki ya Ufaransa, na wengine walichukuliwa ndani ya vifaru na ndege za vita. Waya za simu zilipokatwa na makombora, njiwa waliendelea kuruka. Hata mwisho wa vita, mwaka 1918, jeshi la Uingereza lilikuwa limetumia njiwa wapatao 100,000. Bwana Osman akapewa cheo cha Luteni Kanali.

Baada ya vita alirudi kwenye gazeti lake, akaandika pia kitabu juu ya njiwa wa vita. Alifariki mwaka 1930. Miaka 9 baadaye vita nyingine ikazuka, na wafugaji wa Uingereza wakaombwa tena njiwa wao. Mmoja wa waliowaongoza safari hii alikuwa William Osman, mwanawe.