Mtu wa Kwao: Jomo Kenyatta na Swali la Umwenyeji

Mjadala wa udhanaishi katika fasihi ya Kiswahili aghalabu huanzia kwa Euphrase Kezilahabi, hasa riwaya yake ya Kichwamaji ya mwaka 1974, kisha hurudi nyuma hadi Ulaya kwa Kierkegaard, Heidegger na Sartre. Njia hii tumeizoea madarasani, na si mbaya. Hata hivyo, ipo tarehe moja inayostahili kutusimamisha kidogo. Mwaka 1938 Sartre alichapisha huko Ufaransa riwaya ya La Nausée, ambayo mhusika wake mkuu anautazama mzizi wa mti katika bustani na kugundua kwamba kuwepo kwake hakuna sababu, na kwamba yeye mwenyewe amezidi tu duniani. Mwaka huohuo, ng'ambo ya mlango wa bahari, duka la vitabu la London lilipokea Facing Mount Kenya, kazi ya kianthropolojia iliyoandikwa na mtu wa Gatundu aliyekuwa anakaribia kufikisha umri wa makamo. Kwa mtu huyo mti ni mugumo, mahali pa sala na kafara, na mzizi wake haumtii mtu kichefuchefu bali humwambia yeye ni wa nani.

Makala haya yanayapitia maisha ya Jomo Kenyatta kwa kuongozwa na swali hilo la mtu kuwa wa mahali na wa watu. Habari za Kenyatta mwanasiasa zimeandikwa mno, nasi tutazigusa pale tu zinapolitia swali letu nuru. Kenyatta mwanaanthropolojia hasomwi sana katika idara zetu za Kiswahili, ilhali kitabu chake kilitafsiriwa kwa lugha yetu kwa jina la Naushangilia Mlima wa Kenya.

Alizaliwa Ng'enda, katika eneo la Gatundu, miaka ya 1890. Tarehe yenyewe haikuandikwa na mtu. Baba yake, Muigai, alifariki mtoto angali mdogo, na mama yake, Wambui, akarithiwa na Ngengi, ndugu wa marehemu, kama ilivyokuwa desturi. Ndipo mtoto akaitwa Kamau wa Ngengi. Baadaye Wambui naye akafariki. Kijana alikaa kwa babu yake, Kungu wa Magana, aliyekuwa mganga, akawa anambebea mkoba wa uganga katika safari zake. Mnamo 1909 aliingia misheni ya Waskoti ya Thogoto, akajifunza kusoma, kuandika na useremala. Mwaka 1913 alitahiriwa pamoja na hirimu yake, na Agosti 1914 akabatizwa Johnstone. Katika muda wa mwaka mmoja hivi alikuwa amezaliwa mara mbili zaidi, kwa kisu cha jadi na kwa maji ya kanisa. Nadhani hapa ndipo mahali pa kumwelewa. Majina ya mtu huyu hayakuwa mapambo, kwani kila jina lilikuwa jibu jipya kwa swali lilelile la yeye ni nani na wa wapi.

Baada ya misheni alikwenda Thika. Reli kutoka Nairobi ilikuwa imefika huko mwaka 1913, na mashamba ya mkonge na kahawa yalikuwa yakipanuka juu ya ardhi ambayo koo za Wagikuyu zilikuwa zikiihesabu kuwa yao. Johnstone Kamau aliajiriwa na mhandisi Mwingereza, John Cook. Mojawapo ya kazi zake ilikuwa kwenda Nairobi, mwendo wa kilomita arobaini, kuchukua mishahara ya wafanyakazi benki. Aliiacha kazi hiyo alipougua sana, akauguzwa Tumutumu kwa rafiki yake.

Miaka hiyohiyo, karibu na hapo, alikuwa akikua msichana wa Kizungu, Elspeth, ambaye baadaye angejulikana kwa jina la Elspeth Huxley na kuyaandika maisha ya utotoni mwake katika The Flame Trees of Thika ya mwaka 1959. Kwa wasomaji wengi wa ng'ambo, Thika ni ile ya kitabu hicho: nchi pana, tupu kidogo, inayongoja wageni kuianzisha. Katika miaka ya 1930 wawili hao walikutana katika semina moja ya anthropolojia huko London, mtoto wa shamba na mchukua mishahara, kila mmoja na Thika yake. Huxley alikuja kumwandika Mgikuyu kwa riwaya ya Red Strangers mwaka 1939. Kenyatta alikuwa amemtangulia kwa mwaka mmoja, tena akiandika kama mwenye nyumba.

Lakini tumeruka. Wakati wa Vita Kuu ya Kwanza, serikali ilipokuwa ikiwakamata vijana kwa ajili ya kazi za kulazimishwa, aliondoka na kwenda Narok kwa jamaa zake wa Kimaasai. Mkanda wa shanga alioupenda ndio unaotajwa kuwa chanzo cha jina Kenyatta. Alirudi Nairobi, akamwoa Grace Wahu, akaajiriwa na Halmashauri ya Manispaa kusoma mita za maji. Mwaka 1928 akawa katibu mkuu wa chama cha KCA na mhariri wa Muigwithania, jarida la Kigikuyu. Mwaka uliofuata chama kilimtuma London kudai ardhi. Alirudi 1930, akaenda tena 1931, na hakuiona Kenya mpaka Septemba 1946.

Miaka hiyo kumi na mitano ndiyo kiini cha habari hii. Aliishi katika vyumba vya kupanga, mara nyingi bila kodi ya pango. Alisoma kidogo Birmingham, akafika hata Moscow. Katika University College alifanya kazi na Lilias Armstrong, mwanafonetiki, akimtolea sauti na toni za Kigikuyu. Kitabu cha Armstrong kuhusu fonetiki ya lugha hiyo kilitoka 1940, baada ya mwandishi wake kufa. Wanafunzi wa isimu wanaolalamikia kazi ya kukusanya data na wakumbuke kwamba rais wa kwanza wa Kenya aliwahi kuwa mtoa data. Mwaka 1935 alijiunga na London School of Economics chini ya Bronislaw Malinowski, Mpolandi aliyekuwa naye mbali na kwao. Makala za semina ndizo zilizokusanywa kuwa kitabu. Kwenye ukurasa wa jina, Johnstone alitoweka na Jomo akazaliwa. Katika picha anavaa joho la manyoya na kuushika mkuki. Wapo waliomcheka kwa vazi hilo. Mimi naliona kuwa hoja. Mtu aliyekuwa amezoea kuvaa suti London alichagua kuonekana kama mtu wa mahali fulani, katika nchi ambamo hakuwa wa mahali popote.

Kitabu chenyewe kinasema nini? Kwa muhtasari usiokitendea haki, kinasema kwamba katika fikra za Wagikuyu mtu hawi mtu kwanza kisha akapata jamaa. Anaanza akiwa mtoto wa fulani, mjukuu wa fulani, mwenzi wa hirimu fulani, na upekee wake huja baadaye, kama jambo la pili. Uhuru wa mtu binafsi, ambao kwa Sartre ni hukumu asiyoweza kuikwepa mtu, kwa Kenyatta haueleweki nje ya mahusiano hayo. Wasomaji wa John Mbiti watatambua fikra hii, ila ifahamike kwamba Kenyatta aliichapisha miaka thelathini na mmoja kabla ya kitabu maarufu cha Mbiti cha 1969.

Mahusiano hayo yamefungwa na udongo. Sura ya ardhi ndiyo bora kuliko zote. Humo Kenyatta anakanusha dai la walowezi kwamba Wagikuyu walimiliki ardhi kwa pamoja bila mwenyewe, dai lililofaa sana wizi. Anaonyesha kwamba kila githaka, yaani shamba la ukoo, lilikuwa na mbari yake na msimamizi wake, muramati. Katika udongo huo wamelazwa wazee, na mtu hushirikiana nao. Kenyatta anasisitiza kwamba huko ni kushirikiana tu, maana ibada ni ya Ngai peke yake. Kumnyang'anya mtu ardhi, basi, ni kumkatia mazungumzo na wafu wake.

Katika sura hiyo pia kuna ngano ya mtu aliyemruhusu ndovu aingize mkonga kibandani mwake wakati wa mvua, akaishia kutolewa nje. Tume ya wanyama ilikaa, ikamhukumu mwenye nyumba. Kila alipojenga kibanda kingine, mnyama mwingine alikitwaa. Mwishowe alijenga jumba kubwa, wanyama wote wakaingia wakigombania, naye akalitia moto. Istiara hii iliandikwa miaka minne baada ya Tume ya Carter kutoa ripoti yake kuhusu ardhi ya Kenya mwaka 1934, na wasomaji wake walimjua kila mnyama kwa jina lake.

Kuna orodha nyingine ambayo wachambuzi wengi huipita haraka. Kenyatta anawataja watu waliokaa katika ardhi isiyo ya mbari yao: muhoi, aliyepewa shamba la kulima kwa urafiki, bila malipo, muthami, aliyeruhusiwa kujenga pia, muthoni, shemeji au mkwe, muciarwa, mtu wa nje aliyezaliwa upya katika ukoo kwa kafara. Hapa ndipo falsafa ya umwenyeji inapopata upana wake. Ukoo ulikuwa na mlango, na mgeni aliweza kuingia akawa mtu. Bila orodha hii kitabu kingekuwa utetezi wa damu tu.

Kasoro zake hazifichiki. Kenyatta anazungumza kwa niaba ya Wagikuyu wote kana kwamba hawakuwa na ugomvi wa ndani, na sauti inayosikika ni ya mzee wa kiume. Anautetea ukeketaji wa wasichana kuwa nguzo ya jamii, katika kuujibu mgogoro wa 1929 baina ya wamisheni na Wagikuyu. Hoja yake kwamba wageni hawakuielewa desturi waliyoilaani ni ya kweli. Lakini msichana mwenyewe hasemi neno katika sura nzima, na nadharia ya umwenyeji inayodai mwili wa mtu bila kumuuliza ina deni. Kenya iliupiga marufuku ukeketaji kwa sheria mwaka 2011.

Alirudi nyumbani 1946, akawa mkuu wa chuo cha ualimu cha Githunguri na, mwaka 1947, rais wa KAU. Alikamatwa usiku wa Oktoba 20, 1952, akahukumiwa Kapenguria Aprili 1953 kifungo cha miaka saba. Alipoachiliwa Agosti 1961, serikali ilikuwa imemjengea nyumba mpya Gatundu. Lakini alipokuwa kifungoni jambo kubwa lilitendeka vijijini kote Kiambu na Murang'a: mashamba yaliunganishwa, yakapimwa na kusajiliwa kwa jina la mtu mmoja mmoja. Katika daftari la msajili hapakuwa na safu ya muhoi. Urafiki haukuweza kuandikwa kwenye hati. Wahoi wengi walitoka humo bila chochote, na serikali ya uhuru, ambayo kiongozi wake ndiye aliyewaandika vizuri kuliko mtu yeyote, iliuendeleza usajili huohuo.

Bildad Kaggia alifungwa pamoja naye Kapenguria. Akiwa mbunge wa Kandara, kaskazini ya Thika, alidai wasio na ardhi wapewe bila kuinunua, na mwaka 1964 akaondoka serikalini kwa sababu hiyo. Mwaka 1965 Kenyatta alikwenda Kandara kwenyewe, akamuuliza hadharani amejifanyia nini, akamlinganisha na wafungwa wenzao waliokwisha kupata nyumba na mashamba. Kaggia alihamia KPU 1966 na kupoteza kiti. Miaka yake ya baadaye aliishi kwa mashine ya kusaga unga, hadi alipofariki 2005. Wapo wanaosema Kenyatta alikuwa na nchi changa ya kulinda na mikopo ya kulipa. Inawezekana. Lakini swali aliloulizwa Kaggia halingeweza kuulizwa na yule mwandishi wa 1938, ambaye kwake mtu anayejifanyia mambo peke yake hakuwa wa kusifiwa.

Leo Ruiru ina zaidi ya watu 400,000 kwa sensa ya 2019, na mashamba ya kahawa yamegeuka kuwa viwanja na maghorofa ya kupanga. Baadhi yetu tunaosoma jarida hili tumelala humo, tukilipa kodi kila tarehe tano, majirani wa watu kutoka Busia, Kitui na Kisii ambao majina yao hatuyajui. Sisi si wahoi, maana muhoi hakulipa, na alijulikana. Mnamo Machi 2023, katika joto la siasa, umati ulivamia shamba la familia ya Kenyatta hapo Ruiru, ukakata miti na kuchukua kondoo. Uhalifu ule haukuwa na falsafa yoyote, ila sidhani kama mahali pake palikuwa pa bahati nasibu.

Kuhusu lugha yetu, mwaka 1974 Kenyatta aliagiza Kiswahili kitumike Bungeni, na wabunge wengi wakajikuta wageni ghafla katika ukumbi wao. Kwa hatua hiyo alifungua mlango mpana kuliko wa mbari, na inashangaza kwamba haihusishwi na kitabu chake.

Alifariki Mombasa Agosti 22, 1978. Hakuzikwa katika udongo wa Gatundu alikozaliwa, karibu na wazee wa mbari yake. Kaburi lake liko Nairobi, kando ya Bunge, ndani ya uzio, na hulindwa na askari.