Wasifu wa Toma Caragiu, Mwigizaji wa Romania

Ndugu mtahiniwa, wengi wenu mkiambiwa muandike wasifu hutaja tarehe ya kuzaliwa, shule, kazi na kifo, kisha mnaweka kalamu chini. Soma mfano huu huku ukijiuliza ni mambo gani yaliyombana mhusika, na yeye alifanya nini.

Toma Caragiu alizaliwa tarehe 21 Agosti 1925 kaskazini mwa Ugiriki, katika familia ya Waarumani, jamii ndogo ambayo lugha yake inakaribiana na Kiromania. Angali mtoto, familia yake ilihamia Romania, na baadaye ikafanya makao Ploiești, mji wa mafuta. Alianza kusomea sheria, akaiacha, akajiunga na masomo ya uigizaji mjini Bucharest. Zingatia miaka hapa: alihitimu 1949, na Desemba 1947 mfalme Mihai alikuwa amelazimishwa kung'atuka, wakomunisti wakashika nchi. Kuanzia hapo mwajiri wa mwigizaji akawa serikali.

Mwaka 1953 akawa mkurugenzi wa ukumbi wa michezo wa kuigiza wa Ploiești, akauongoza hadi 1965 alipohamia ukumbi wa Bulandra, Bucharest. Mwaka huohuo Nicolae Ceaușescu alichukua uongozi wa chama. Miaka ya mwanzo kamba ililegezwa. Lakini Julai 1971, baada ya ziara ya China na Korea Kaskazini, Ceaușescu aliikaza upya: sanaa iitumikie itikadi ya chama.

Kilichofuata ndicho cha kukumbuka. Septemba 1972, Bulandra waliigiza tamthilia ya Mrusi Gogol ambayo kwa Kiswahili inaitwa Mkaguzi Mkuu wa Serikali. Inahusu viongozi wala rushwa wa mji mdogo wanaotetemeka wakidhani mpita njia ni mkaguzi. Caragiu aliigiza meya. Mwongozaji alikuwa Lucian Pintilie. Baada ya maonyesho matatu tu, serikali ikaupiga marufuku. Mchezo ulikuwa wa karne ya 19 na wa nchi nyingine, lakini wakubwa walijiona ndani yake!

Usikimbilie kumwita Caragiu mwanaharakati. Hakuacha kazi wala hakukimbia nchi. Aliendelea kupokea mshahara wa serikali, akatokea katika televisheni ya taifa usiku wa kuamkia mwaka mpya, akichekesha kwa maneno yenye maana mbili. Kwa maoni yangu, alijua mpaka uko wapi na akausogelea kila alipoweza. Mwaka 1975, katika filamu ya Actorul și sălbaticii, aliigiza mchekeshaji wa miaka ya 1930 anayewadhihaki mafashisti huku wakimtishia maisha. Mafashisti hao walikuwa maadui wa zamani, hivyo filamu ilipita. Mtazamaji makini angeweza kufikiria vitisho vya karibu zaidi.

Tarehe 4 Machi 1977, saa tatu na dakika 22 usiku, tetemeko kubwa liliikumba Romania na kuua watu zaidi ya 1,500, wengi wao Bucharest. Jengo alimoishi Caragiu liliporomoka. Alikufa pamoja na mgeni wake, mwongozaji Alexandru Bocăneț. Alikuwa na umri wa miaka 51. Ukumbi wa Ploiești sasa unaitwa kwa jina lake.