Sultan Khan: Msee wa kijijini aliyewachapa mabingwa wa chesi Ulaya, kisha akarudi shamba bila cheo

Kama umewahi kungoja gari stage ya Migori, ama ukakaa kivulini Homa Bay ukicheki wazee wakicheza draft na vifuniko vya soda, unajua kila base ina msee mmoja ambaye hachapwi. Hana viatu vya maana, hana hata cheti, lakini kwa ile bodi yeye ndio rais. Leo nakupea stori ya msee kama huyo. Tofauti ni kwamba huyu alitolewa kijijini akapelekwa London, na kule akawachapa wenye mchezo.

Anaitwa Mir Sultan Khan. Usichanganywe na jina, hakuwa sultani wa mahali popote. Alizaliwa 1903 kijiji cha Mitha Tiwana, Punjab, enzi hizo ikiwa chini ya Mwingereza. Sai ni Pakistan. Ni pande zile zile walikotolewa wafanyikazi wengi waliojenga reli ya kutoka Mombasa hadi Kisumu.

Sheria zilikuwa zingine

Babake alimfunza chesi akiwa na miaka 9, lakini hiyo ilikuwa chesi ya Kihindi. Kwa ile ya Ulaya, kete ndogo za mbele zinaweza kuruka hatua mbili zikianza. Kwa ya Kihindi ni hatua moja tu, pole pole. Ni kama wewe uwe mkali wa ajua pale Rusinga, halafu upelekwe ukacheze bao la Zanzibar. Mashimo unayaona, lakini sheria zinakuruka.

Akiwa na miaka 21 hivi, hakuna mtu Punjab alikuwa anamweza. Hapo ndipo tajiri mmoja akamcheki: Sir Umar Hayat Khan, mwanajeshi mwenye mashamba makubwa na marafiki serikalini. Huyu ndiye alikuwa sponsa wake, na tafadhali, si ile aina ya sponsa unafikiria. Alimpa mahali pa kulala, chakula na posho, akahakikisha amefunzwa sheria za Ulaya. 1928 Sultan Khan akashinda ubingwa wa India nzima. Kwa mechi 9 alishinda 8 na kutoka sare moja.

London, baridi na kichapo

1929 Sir Umar akaenda naye Uingereza. Mambo hayakuanza fiti. Kwa mechi za mazoezi alichapwa, na baridi ya kule ikamwandama na homa haziishi. Wapinzani wake walikuwa wamekulia kwa vitabu vya chesi, wanajua mianzo ya mechi kwa moyo. Yeye alikuwa anafikiria kila kitu hapo hapo mezani.

Lakini mwaka huo huo, pale Ramsgate, akabeba ubingwa wa Uingereza. Ndio, mtu wa koloni akawa bingwa wa mkoloni. Alirudia tena 1932 na 1933.

Na usidhani alikuwa anaonea wanyonge. Tonamenti ya Hastings ya 1930 kuingia 1931, alikutana na José Raúl Capablanca wa Cuba, jamaa aliyekuwa bingwa wa dunia kutoka 1921 hadi 1927. Kumshinda Capablanca ilikuwa kitu unaweza kusubiri miaka. Sultan Khan hakuja na moto. Alimbana polepole, akamnyima nafasi ya kupumua, mpaka kete za Capablanca zikakosa pa kwenda. Kwa Olimpiki ya chesi ya Prague 1931, yeye ndiye alikalia bodi ya kwanza ya Uingereza. Akawachapa Salo Flohr na Akiba Rubinstein, na akatoka sare na Alexander Alekhine, bingwa wa dunia wa wakati huo.

Boti haikuwa yake

Sasa sikiza hapa, ju hii ndio sehemu inauma. Wewe wa Mbita ama Sori unajua vile ziwani huenda. Mvuvi analala majini usiku mzima, lakini asubuhi mwenye boti ndiye anaanza kugawa. Mvuvi mkali bila boti yake anabaki kungoja. Wachimba dhahabu wa Macalder pia wanaijua hiyo hesabu.

Sultan Khan alikuwa mvuvi mkali, Sir Umar ndiye alikuwa na boti. Kuna stori maarufu aliyoiacha Reuben Fine, mchezaji wa Marekani. Alisema timu yao ilialikwa chakula kwa Sir Umar, na kufika, aliyewaletea sahani mezani alikuwa Sultan Khan mwenyewe. Familia yake inapinga kabisa picha ya kwamba alikuwa boi wa nyumba. Wanasema alitoka kwa watu wenye ardhi na heshima zao. Hiyo tuwaachie wenyewe. Kitu hakuna anayebishia ni hiki: nani aende Ulaya na nani arudi, Sir Umar ndiye alikuwa anaamua.

Na aliamua. Shughuli zake London zilipoisha, Desemba 1933 walirudi nyumbani wote. Hapo Sultan Khan alikuwa na miaka 30, ndio anaiva. 1935 alicheza na V. K. Khadilkar mechi 10, akashinda 9 na kutoka sare moja. Baada ya hapo, kimya. Hakukosa uwezo. Alikosa nauli, mialiko na mtu wa kumsukuma.

Sir Umar alifariki 1944, naye Sultan Khan akabaki analima na kulea watoto 11. Na cheki hii: hakutaka kuwafunza chesi. Aliona heri washike kitu cha kuwafaa zaidi maishani. Hebu fikiria mtu aliyemchapa Capablanca akiwaambia watoto wake waachane na hiyo maneno.

1950 shirika la chesi duniani, FIDE, lilianza kugawa vyeo vya grandmasta. Baadhi ya wale aliokuwa anawachapa walipewa. Yeye akarukwa. Alikufa kwa kifua kikuu huko Sargodha, 25 Aprili 1966.

Cheo kilikuja Februari 2024, wakati FIDE ilimtangaza grandmasta wa heshima, wa kwanza kabisa wa Pakistan. Karibu miaka 58 baada ya kuzikwa.

Kwa hivyo wewe unayepiga shoo, unayecheza ball, ama unayechapa watu chesi kwa simu huko Rongo na Oyugis: mtu akikubeba, shukuru. Sultan Khan bila Sir Umar tusingemjua. Lakini ukiwa bado juu, uliza mapema boti ni ya nani, na siku mwenyewe akichoka na ziwa, wewe utavua na nini.